Mafundo Tisa ya Wakati: kabla hujatoa kete zako, tazama mtungi

Nakala niliyonayo ina kurasa 286, jalada la ngozi ya mbuzi ambalo panya wameshalionja pembeni, na doa la uji katika ukurasa wa 61. Doa hilo ni langu, na nitalieleza. Nimeishi na kitabu hiki miaka 19. Miaka 12 ya mwanzo nilikiamini kama ninavyoamini kwamba jua litachomoza. Hii saba ya mwisho nakiamini kama mtu anavyomwamini shemeji: kwa heshima zote, mkoba ukiwa kwapani.

Kwa wageni wa kazi hii: Mafundo Tisa ndicho kitabu kinachotambuliwa na Visiwa vyote vya Ndarama katika uganga wa wakati. Vingine vipo, lakini hiki ndicho chenye neno la mwisho. Mfunga fundo hapewi kibali mpaka aape mkono wake ukiwa juu yake, na watu wakigombania deni la saa, mahakama ya bandari haihangaiki na mashahidi. Inafungua majedwali ya nyuma na kusoma. Mwandishi hakuweka jina. Wapo wanaosema alikuwa baharia, kwa jinsi anavyozijua kamba. Mimi nasema alikuwa karani. Hakuna baharia awezaye kukaa kitako akaandika kurasa 94 za majedwali bila kukosea hesabu hata moja, na nimezipitia zote, usiku, kwa taa ya mafuta, nikitafuta kosa kwa hasira.

Kazi yangu ni kutunza saa ya maji ya bandari ya Kivumoni na kugonga kengele ya saa sita. Kufunga mafundo nakufanya pembeni, kwa sababu saa ya maji inanilipa kete 11 kwa wiki, na kete 11 hazimtoshi mwanamke mwenye mwanafunzi anayekula kama chombo kinachovuja. Kwa hiyo hapa anayesema ni mtu anayekifungua kitabu hiki kwa vidole vyenye maji. Wale wanaokitandaza sebuleni ili wageni wakione, waulizeni wenyewe.

Msingi wa kitabu ni mmoja: wakati hauumbwi, huazimwa. Ukiushika mahali, utaulipa mahali, na mlipaji ni yule aliyefunga kamba, si aliyetoa hela. Sura nzima ya kwanza imejengwa juu ya jambo ambalo kila mvuvi analijua bila kulisomea: kamba yenye fundo, ikilemewa, hukatika kando ya fundo. Haikatiki katikati ya urefu ulionyooka. Pale inapopinda ndipo nyuzi za nje zinapovutwa kuliko za ndani, na mzigo unawaangukia wachache. Mwandishi anasema saa iliyofungwa ni vivyo hivyo. Ndani ya fundo kuna utulivu. Hatari iko dakika chache kabla na dakika chache baada. Nilipokuwa kijana nilidhani hiyo ni lugha ya mafumbo. Kisha nikaona mwenyewe watu wanavyoteleza ngazini, vyungu vinavyopasuka, watoto wanavyoanza kulia bila sababu, daima pembezoni mwa fundo la mtu. Sura hiyo peke yake inatosha kununulia kitabu.

Fundo la kwanza, la Pumzi, linashika kitu kidogo kwa muda ule unaoweza kubana pumzi. Zuri kwa kuokoa kikombe kinachoanguka. La pili sijawahi kulihitaji na sidhani kama utalihitaji. La nne linahusu ndoa, tuliache huko.

La tano nalitaja kwa sababu moja tu. Mwandishi ameweka kila fundo katika ubeti, ili mwanafunzi alihifadhi kichwani, nalo ni jambo jema. Ubeti wa fundo la tano ni huu:

Kamata kamba kwa haba,
izungushe mara saba,
usivute kwa kukaba,
wakati utajifunga.

Mizani imetimia, vina vinaimba, na kila mwanafunzi niliyewahi kumsikia anaughani kama bulbuli. Sasa fungua jedwali la ukurasa wa 203: mizunguko ni sita. Ndiyo, sita. Nimejaribu saba mara nyingi kuliko ninavyopenda kukiri, na matokeo ni kamba iliyojisokota kama nyoka aliyekanyagwa. Sita inafanya kazi kila mara. Ninachokiona mimi ni mtu aliyekuwa na kina cha “ba” mkononi, akatafuta namba inayokubali, akaikuta saba pekee. Ukimfundisha mtoto kwa ubeti, mwambie mapema kwamba jedwali ndilo lenye kauli.

Sura ya maji, inayofuata fundo la tano na kukaa peke yake kama kisiwa, ndiyo bora kupita zote, nami nitaisifu bila kubana. Mle ndimo mwandishi anapoeleza kwa nini asiyeujua mwezi asithubutu kugusa bahari. Mwezi huchelewa kuchomoza kila siku kwa dakika kama 50, na maji yanamfuata bwana wao, hivi kwamba kutoka kujaa hadi kujaa tena ni saa 12 na dakika 25 hivi. Anayefunga fundo leo kwa kutumia saa ya jana atashika maji ambayo tayari yameanza kuondoka. Anaeleza bamvua, yaani maji makuu, za mwezi mwandamo na mwezi mpevu, na jinsi zinavyokawia siku moja au mbili baada ya mwezi wenyewe. Anaeleza maji mafu ya kati, yanayojaa bila kujaa na kupwa bila kupwa.

Kisha anatoa hesabu ambayo imeniokoa viganja vyangu. Maji hayashuki kwa mwendo mmoja. Gawa kina chote cha kupwa mafungu 12: saa ya kwanza huondoka fungu moja, ya pili mawili, ya tatu na ya nne matatu matatu, ya tano mawili, ya sita moja. Maana yake, saa ya kwanza baada ya maji kujaa pomoni bahari karibu imesimama yenyewe, na kamba inashika kitu kisichovuta sana. Azima hapo. Ukiazima saa ya tatu deni ni lile lile, lakini kamba itakuchuna ngozi. Jirani yangu mmoja alizishika saa tatu za katikati siku ya bamvua, kwa ushujaa, na hadi leo kidole chake cha shahada hakikunjiki.

Kuhusu kamba yenyewe: kitabu kinataka ya usumba, yaani nyuzi za kumbi la nazi, kavu, na fundo lifunguliwe kabla ya umande. Litii neno hilo. Kamba ya namna hiyo ikilowa huvimba, fundo linajikaza, na fundo la wakati lisilofunguka si kitu cha kuchezea na meno.

Haya, doa la uji.

Fundo la tatu, Fundo la Tone, ndilo lenye wateja. Linashika kinachotiririka: mto, mawimbi, damu ya jeraha. Muda wake hupimwa kwa mtungi, na maelekezo hayana kona. Chukua mtungi wenye tundu kitakoni. Chora alama 12 kutoka mdomoni hadi chini, zote kwa umbali ulio sawa. Ujaze. Azima kwa alama za juu, pumzika kwa za kati, lipa kwa za chini, idadi kwa idadi. Pembeni ya maelekezo kuna mchoro, na katika nakala yangu, iliyochapwa kwa vibao, mtungi umenyooka pande zote kama kipande cha mwanzi. Nikaagiza mtungi kama huo. Mfinyanzi alinishangaa lakini akaufinyanga.

Kwa mafundo madogo ya alama moja sikuona tatizo. Nilikuwa nikiamka nimechoka kidogo kuliko nilivyotarajia, nikasingizia umri. Kisha akaja nahodha mmoja, asubuhi, siku sita baada ya bamvua, maji yakijaa kwa unyonge. Chombo chake kilikuwa kimesheheni chumvi na kilipaswa kuvuka fungu la mchanga mdomoni mwa bandari kabla maji hayajaanza kupwa, na mabaharia wake wawili walikuwa bado mjini, walevi.

“Mama, nitafutie saa moja tu.”

Nikamtafutia. Alama nne. Saa mbili kamili nilikaza fundo na bahari ikatulia kama maziwa kwenye bakuli. Saa tatu chombo kilipita, nahodha akivua kilemba na kunipungia. Alama nne za kati ni za mapumziko, nami nikapika uji. Maji yalipofika alama ya nane nikaketi kizingitini, bakuli mkononi, kitabu magotini, nikijua nitapotea kwa saa moja na kuamka saa tano na kitu, nikiwa na muda wa kutosha kupanda mnara na kugonga kengele ya saa sita.

Mtu anayelipa deni haoni giza wala ndoto. Nilinyanyua kijiko cha uji wa moto, kikafika mdomoni cha baridi. Uji ulikuwa umeota ngozi na nzi mmoja alikuwa amezama ndani yake. Nusu ya bakuli ilikuwa imemwagikia ukurasa wa 61. Kivuli cha mlingoti wa bandari, kilichokuwa kimelala upande wa magharibi nilipoketi, sasa kilielekea mashariki. Mwanafunzi wangu alikuwa amesimama mbele yangu, machozi yamemkaukia mashavuni, akisema, “Shangazi, nimekutikisa mpaka mikono imeniuma.”

Ilikuwa inakaribia saa saba na nusu. Kengele haikugongwa. Mnada wa samaki ulianza kwa kukisia, wachuuzi wakatukanana, na mimi nikatozwa faini ya kete 40, karibu ujira wa mwezi mzima.

Kwanza nilijilaumu, kisha nikamlaumu nahodha, kisha nikachukua saa ya mchanga. Mchanga una tabia ambayo maji hayana: unamwagika kwa mwendo ule ule, chupa ikiwa imejaa au ikiwa imebaki kiasi cha kijiko. Nikaupima mtungi wangu. Alama nne za juu: saa moja. Nne za kati: saa moja na dakika 18. Nne za chini: saa tatu na dakika kama tisa. Nikarudia siku ya pili, na ya tatu. Hivyo hivyo.

Ukilifikiria, halina uchawi. Maji yaliyo juu ndiyo yanayoyasukuma yaliyo chini. Kina kikipungua, msukumo unapungua. Kina kikibaki robo, mwendo wa maji pale tunduni umebaki nusu. Alama zangu zilikuwa sawa kwa macho lakini si sawa kwa wakati. Niliazima alama nne za mbio na kulipa alama nne za kobe. Saa moja kwa saa tatu na ushei! Hakuna mkopeshaji wa gulioni anayethubutu riba hiyo mchana kweupe.

Na sasa sehemu inayonitia aibu. Saa ya bandari ninayoitunza ina pipa la juu ambalo halijazwi tu, linafurikishwa. Mchana kutwa maji ya ziada yanatoka kwa mdomo wa pembeni na kupotea mferejini. Mjomba aliyenirithisha kazi aliniambia lisipungue hata upana wa kidole, na mimi, miaka 12, nikabeba ndoo bila kumuuliza kwa nini, nikinung'unika kwamba mzee alikuwa mbadhirifu wa maji. Lilikuwa linafurika ili kina kisibadilike. Jibu la deni langu lilikuwa likinimwagikia miguuni kila siku.

Je, mwandishi alikosea? Niliamini hivyo karibu mwaka mzima, na nililisema kwa sauti mahali pasipofaa. Kisha nikakaribishwa kwa mzee mmoja mfunga fundo, sasa ni marehemu, aliyekuwa na nakala ya mkono, ile ya zamani yenye karatasi nene inayonukia moshi. Nikamwomba anifungulie fundo la tatu. Maneno yalikuwa yale yale, herufi kwa herufi. Lakini mtungi! Kitako kimebana, tumbo linapanuka haraka kisha polepole hadi mdomo mpana. Mtungi wa namna hiyo una maji mengi kati ya alama za juu, ambako yanatoka kwa kasi, na machache kati ya za chini, ambako yanatoka kwa uvivu, kwa hiyo kila alama inachukua muda sawa na mwenzake. Mwandishi alijua kabisa. Aliona tu kwamba picha inatosha.

Aliyechonga vibao ndiye aliyeharibu. Ukurasa wa chapa una nakshi ya maua pande zote nne, nzuri kwa kweli, na nafasi iliyobaki kwa mchoro ni nyembamba. Mtungi mpana haukuenea, ukanyooshwa. Baraza la Wafunga Fundo lilipoidhinisha chapa hiyo lilikagua maneno ya kurasa zote 286. Mtungi haukukaguliwa na mtu. Niliwapelekea barua, na mtungi wangu, na saa ya mchanga. Vilirudishwa pamoja na karatasi inayosema kwamba kitabu hakina kosa. Ambalo ni kweli, ndiyo inayouma.

Wengi wenu mmeruka mpaka hapa mkitafuta fundo la saba. Najua. Kila mteja wa usiku anataka hilo: kurudi. Kuna aliyekuja kwangu akitaka jioni moja tu, ile ambayo hakumwambia mkewe neno fulani kabla hajafa. Alileta kete zake zote ndani ya soksi.

Kitabu kizima kinatumia kurasa mbili kwa fundo hilo, 140 na 141, na kwa maoni yangu ni kurasa za uaminifu kupita zote zilizowahi kuandikwa katika fani hii. Fundo linafanya kazi. Namna ya kulifunga imeelezwa, hakuna kilichofichwa. Lakini anayerudi hurudi mzima mzima, na kumbukumbu yake nayo inafundulika pamoja na saa. Utafika jioni ile usijue kwamba umerudi, utasema yale yale na kunyamaza pale pale, kisha utaishi tena hadi usiku uliobeba soksi yako kwa mfunga fundo. Mwandishi anaongeza kwamba yeye mwenyewe hajui kama amewahi kulifunga. Chini ya ukurasa ameweka kisanduku kidogo, na maelekezo: kila ukilifunga, weka alama hapa.

Kisanduku changu ni kitupu. Kingewezaje kuwa vingine?

Nilimsomea yule bwana kurasa zote mbili. Akanyamaza, akaniomba nimsomee tena, kisha akafunga soksi yake na kuondoka. Sikumtoza kitu. Lawama yangu hapa ni kwa wauza vitabu, wanaolinadi fundo la saba kwa sauti kubwa na kufungua ukurasa wa 140 kwa upande ule tu wenye picha ya kamba.

La nane na la tisa ni ya mahakama na mazishi. Yameandikwa vizuri, kwa ukavu.

Tuje kwenye manunuzi. Nakala ya mkono inauzwa kete 340 ukiipata, na mara nyingi hutaipata. Ya vibao ni kete 90, na kwa kazi ya kila siku inatosha, kwa sharti moja. Kabla hujatoa hela fungua ukurasa wa 60 na uangalie mtungi. Ukiwa umenyooka, teta bei. Mimi ningekataa kutoa zaidi ya 70. Kisha ukifika nyumbani chora mtungi wa kweli pembeni kwa wino, na ule mwingine uupige mstari, ili atakayekirithi asije akala uji wa baridi. Mfinyanzi utamtesa kidogo. Wangu alirudia mara tatu ndipo alama zikakubaliana na mchanga, na bado asubuhi za baridi maji huwa mazito na kuchelewa, kwa hiyo jaza maji yaliyoshinda ndani, si ya kisimani moja kwa moja. Epuka pia nakala zinazouzwa kwa uzito kule Soko la Chini. Wameweka risasi ndani ya uti wa jalada.

Yangu siuzi, msinitumie watu. Nahodha wa chumvi amesharudi mara mbili kuomba saa nyingine. Namtoza mara tatu ya bei ya kwanza, na sijamwambia sababu.